Saa 41 za Ufuo: Maoni Kuhusu Chumba Kimoja cha Uhariri Kibokoni

Agosti iliyopita nilitembea kwa miguu kutoka Vanga, kwenye mpaka wetu na Tanzania, hadi Malindi, nikifuata ufuo kila palipopitika na kuingia barani kila mikoko iliponizuia. Safari ilichukua siku 17. Nilirudi nyumbani Mombasa nikiwa na kucha mbili zilizong'oka, pua iliyobambuka kwa jua, na video za saa 41 ambazo sikujua nizifanye nini. Ninayoyaandika hapa ni maoni yangu kuhusu huduma niliyoilipia ili saa hizo ziwe filamu moja ya kutazamika, yaani vikao vya uhariri katika chumba cha ghorofani cha nyumba moja ya Kibokoni, Mji wa Kale, kinachoendeshwa na fundi mmoja wa video za harusi pamoja na mkewe. Jina lake silitaji kwa kuwa ameniomba nisilitaje. Wako wawili tu, na harusi zenyewe zawatosha. Hata hivyo, mtu akiulizia kwenye baraza za Kibokoni ni nani anayehariri filamu za safari, ataelekezwa kabla hajamaliza kikombe cha kwanza cha kahawa.

Makubaliano yetu yalikuwa vikao 12 vya saa tatu kila kimoja, kuanzia baada ya sala ya Isha, kwa shilingi 48,000, nusu mwanzoni na nusu siku ya kukabidhiwa filamu. Bei hiyo ilijumuisha usafishaji wa sauti, urekebishaji wa rangi, maandishi ya tafsiri chini ya picha, na onyesho moja mbele ya watu. Nilikuwa nimeulizia kwingine mara mbili kabla ya kufika kwake. Kote nilikokwenda nilitajiwa bei ya kila dakika ya filamu iliyokamilika na kutakiwa niache diski, nitaje nyimbo ninazozitaka, kisha nirudi baada ya wiki mbili. Fundi wa Kibokoni alikataa katakata kuachiwa diski. Alisema hawezi kukata safari ya mtu huku mwenyewe yuko kwake analala, na kwamba nisipokuja mimi, yeye hawashi kompyuta.

Lazima nikiri kwamba nilikwenda kwake nikiwa nimeshashindwa. Nilikuwa nimejitengenezea toleo langu la dakika 74, lenye ramani inayosogea, hesabu ya kilomita kwenye pembe ya picha, na sauti yangu ikitaja kila siku nimeamka saa ngapi na nimekunywa lita ngapi za maji. Mimi ni mtu wa mbio ndefu, na mtu wa mbio ndefu huamini kwamba hesabu inatosha kuwa hadithi. Niliionyesha nyumbani. Mpwa wangu wa miaka tisa alivumilia hadi Msambweni, halafu akaniuliza kwa adabu kamili, "Mjomba, unafika lini?"

Nilipomsimulia fundi kisa hicho hakucheka. Nami, kwa kutaka kujitetea, nikamtajia Ed Stafford, yule Mwingereza aliyeufuata mto Amazon kwa miguu kuanzia Aprili 2008 hadi Agosti 2010, siku 860, akijirekodi mwenyewe njiani, na nikamweleza kwamba watu walimfuatilia kwa sababu ya ukubwa wa lile jambo. Akanijibu, "Mwanangu, huyo ana siku mia nane na sitini, wewe una kumi na saba. Usishindane naye kwa siku." Kikao cha kwanza kilimalizikia hapo, hatujafungua hata picha moja, na njiani kurudi nyumbani nilikuwa nikihesabu shilingi 4,000 zilizokwenda bure. Leo sidhani kwamba zilikwenda bure, ingawa bado naona angeweza kunieleza hayo kwa simu.

Chumba chenyewe ni kidogo. Kina dirisha la mbao linalotazama uchochoro, meza yenye skrini mbili, spika mbili nzuri kuliko nilivyotarajia, na kitanda cha kamba ambacho mteja hukalia. Ukutani kuna rafu ya kanda za zamani za harusi, mamia yake, kila moja ikiwa na majina mawili na tarehe kwa wino uliopauka. Anayeidharau kazi hiyo hajaifikiria. Mtu aliyepiga picha za harusi za Waswahili kwa miaka mingi amejifunza kungoja, kwa kuwa harusi karibu yote ni kungoja: kumngoja kadhi, kungoja bwana harusi atoke msikitini, kungoja gari. Amejifunza pia kwamba uso wa mama mzazi wakati hana habari kwamba anatazamwa una thamani kuliko keki. Upande wa wanawake, ambako yeye haruhusiwi kuingia, hupiga mkewe, ambaye sote humwita Mama, na yeye ndiye anayehariri sehemu hiyo mwenyewe, mlango umefungwa, kwa ajili ya macho ya wanawake peke yao. Katika filamu yangu, Mama ndiye aliyekuwa mtaalamu wa sauti, na kwa maoni yangu nusu ya thamani ya huduma hii iko masikioni mwake.

Kikao cha pili alizima skrini zote mbili, akatusikilizisha sauti peke yake. Tulikaa gizani tukisikiliza kipande nilichokirekodi kwenye tope la hori la Mida, karibu na Watamu, ambacho mimi nilikuwa nimekitupa kwa sababu kamera ilielekea chini na haikuonyesha kitu isipokuwa magoti yangu. Kwa dakika 11 hakukusikika neno. Kulikuwa na mguu unaochomoka topeni, pumzi, mguu mwingine, kaa wakikwaruza mizizi, halafu mtu mmoja, mimi, akianza kuimba wimbo wa chuoni wa watoto wa Kurani, akiusahau katikati na kuuanza upya. Sikukumbuka kabisa kwamba niliimba. Mama akawasha taa, akasema, "Huyu ndiye nataka kumjua. Yule wa kilomita simtaki." Dakika mbili na nusu za kipande hicho sasa ndizo zinazofungua filamu, na picha yake ni magoti yale yale.

Kuhusu ufundi, nilipata mafunzo ambayo sikuwa nimeyalipia, na nayaeleza hapa kwa kuwa yatamfaa mtu anayejiandaa kuondoka. Simu yangu na kamera yangu ndogo zote zilikuwa zimewekwa kurekodi fremu 30, yaani picha moja moja 30, kwa sekunde, kama zilivyotoka dukani, wakati umeme wetu wa Kenya ni wa mizunguko 50 kwa sekunde. Mchana hilo halina madhara. Usiku, chini ya taa ndefu nyeupe ya hoteli ya chai, picha hupepesa kwa mistari inayopanda na kushuka, na ndivyo ilivyoharibika mazungumzo yangu bora kabisa ya safari nzima, na mama mmoja wa Gazi aliyekuwa akinieleza jinsi mikoko ilivyokatwa na jinsi wanavyoipanda upya. Kuanzia sasa narekodi kwa fremu 25, ambazo zinaingia sawasawa katika mizunguko hiyo 50. Fundi aliipunguza ile mistari kwa programu, lakini hakuweza kuiondoa yote, na alinionyesha wazi mahali ilipobaki badala ya kunificha, jambo ambalo nililishukuru.

Upepo ulikuwa msiba wa pili. Agosti ni kusi, upepo utokao kusini, na mtu anayekwenda kaskazini hufurahi kwa kuwa unamsukuma mgongoni. Ila nilipojigeuzia kamera ili niseme neno, uso wangu ukatazama kaskazini na kamera ikatazama kusini, basi kusi yote ikaingia moja kwa moja ndani ya kipaza sauti. Karibu kila hotuba niliyoitoa ufuoni ilikuwa ngurumo tupu. Nilihuzunika, Mama alifurahi, kwa sababu, alisema, zile hotuba zote zilikuwa za kilomita. Dawa yake ni rahisi: kipaza sauti kidogo cha kubana shatini kifichwe ndani ya nguo na kuvikwa kipande cha manyoya au sponji, au mtu ageuke na kuupa upepo mgongo wa kamera. Dawa ya chumvi nilikuwa nikiijua tangu zamani, nayo ni kuichovya kamera isiyoingia maji katika ndoo ya maji baridi yasiyo na chumvi kila jioni kabla ya kuufungua mlango wa betri.

Halafu kuna uzito wa picha zenyewe. Kamera yangu ilikuwa ikiandika megabiti 100 kwa sekunde, kiasi ambacho ni gigabaiti 45 kila saa, kwa hiyo saa 41 zilikaribia terabaiti mbili. Fundi alitaka kila kitu kiwe mahali pawili kabla hajakata fremu moja, nami nikalazimika kununua diski ya pili, gharama ambayo haikutajwa siku ya makubaliano na ambayo ilipaswa kutajwa. Tulipoanza kukata, kila tulichokiacha alikiweka katika diski yangu, akaichomoa na kunikabidhi nikaweke nyumbani. Nilipomuuliza sababu, alisema picha iliyo karibu hurudi yenyewe. Nilikumbuka kisa cha Frank Hurley, mpiga picha wa msafara wa Shackleton wa Antaktika, ambaye meli yao, Endurance, iliposagwa na barafu mwaka 1915 alipiga mbizi katika maji ya barafu kuokoa vioo vya picha zake, kisha akakaa na mkuu wake juu ya barafu wakachagua 120 hivi, na vilivyobaki, karibu 400, wakavivunja papo hapo ili asije akashawishika kuvirudia. Mimi sikuvunja kitu, lakini diski ile iko kabatini, na sijaifungua.

Kikao cha tano ndicho ninachotaka kukieleza kwa urefu, maana hapo ndipo nilipoelewa nilikuwa nimenunua nini.

Katika toleo langu, siku ya sita ilikuwa fupi na safi. Asubuhi naonekana Gazi, nafunga kamba za viatu, nyuma yangu maji yanang'aa. Picha inayofuata niko Kinondo, nasema nimefika mapema, najisikia nina nguvu. Saa ya kamera ilikuwa imejifuta nilipobadilisha betri siku ya pili, kwa hiyo kila faili lilikuwa na tarehe ya uongo na hakuna aliyeweza kujua kipi kilirekodiwa saa ngapi. Hivyo ndivyo nilivyodhani. Fundi alisimamisha picha ya Gazi, akaiweka ile ya Kinondo kwenye skrini ya pili, akavaa miwani, akayatazama maji. Akaniuliza mwezi ulikuwa ngapi siku hiyo. Nikasema ulikuwa karibu kuwa mpevu. Akasema, "Basi ilikuwa bamvua, maji makubwa ya mwezi mpevu. Bamvua hapa kwetu maji hujaa alfajiri, na kufika saa nne asubuhi yamepwa kabisa, mwamba wote uko nje. Hapa Gazi maji ndiyo kwanza yaondoka. Na hapa Kinondo pia ndiyo kwanza yaondoka, hayajashuka hata ngazi mbili. Mwanangu, hapa ulipanda nini?"

Nilipanda bodaboda. Kidole kilikuwa kimevimba usiku ule, kijana mmoja akapita akaniuliza kama naenda Ukunda, nami nikakaa nyuma yake na mkoba wangu, nikashuka karibu na Kinondo, nikajipangusa vumbi, nikafungua kamera, nikasema najisikia nina nguvu. Sikumwambia mtu. Sikumwambia mke wangu. Nilikuwa nimeandika kwenye tangazo la safari kwamba nitatembea kila hatua, na watu walikuwa wamenichangia kwa ahadi hiyo hiyo, na kwa miezi mitatu nilikuwa nimejizoeza kuamini kwamba kipande kile hakikuwepo. Mhariri wa kawaida asingekiona, kwa sababu hakuna programu ya uhariri inayosoma kupwa na kujaa. Mtu huyu babake alikuwa mvuvi wa Likoni.

Hakunihukumu, na hilo nalo naliweka katika hesabu ya huduma nzuri. Aliniuliza tu ikiwa nataka kilomita hizo ziondolewe kimya kimya kwa kuiruka siku nzima ya sita, kwani hilo lingewezekana, au nizungumze. Mama alikuwa tayari ameweka kinasa sauti mezani na kukifunika kwa mtandio. Nilizungumza dakika 20, na dakika tatu za mazungumzo hayo zimo kwenye filamu, juu ya picha moja tu, ile ya viatu vyangu pale Kinondo: vikavu, vyeupe kwa vumbi la barabara, bila tone la mchanga uliolowa. Wale walionichangia niliwapigia simu mmoja mmoja kabla ya onyesho. Wawili walitaka kurudishiwa pesa zao, nikawarudishia.

Baada ya usiku huo kazi ilikwenda kwa kasi, kwa sababu sikuwa tena na kitu cha kulinda. Tulirudi kwenye picha ambazo kila msafiri wa peke yake anazo: zile za kujionyesha ukienda. Asiyefanya kazi hii hajui jinsi zinavyopatikana. Ukiona kwenye filamu mtu anapita mbele ya kamera na kutokomea ufuoni, na hana mwenziwe, ujue aliiweka kamera juu ya stendi, akatembea hadi akawa kitone, akarudi kuichukua, kisha akatembea kipande kile kile tena. Ni mara tatu ya njia. Nilikuwa nazo 63. Katika toleo langu nilikata kila moja pale nilipokuwa kitone, kama afanyavyo kila mtu. Fundi akaichukua moja ya Kikambala na kuiacha iendelee. Kitone kikasimama, kikageuka. Kikaanza kukua. Kikawa mtu anayechechemea, mwenye kofia ya mkeka, anayetazama huku na huku kuona kama hakuna mtoto anayeikaribia kamera. Akafika, akainama, kivuli chake kikafunika kioo, na kitu cha mwisho kuonekana kilikuwa kidole gumba chenye mchanga kinachotafuta kitufe. Sekunde 96. Nilibisha kwamba ni ndefu mno. Mama akasema tutazame tena, tukatazama, na niliishiwa na la kubishia. Filamu ya dakika 38 niliyokabidhiwa ina marejeo kama hayo manne, na mtu akiniuliza inahusu nini, namwambia aitazame hiyo ya Kikambala.

Hatukukubaliana katika kila jambo. Nilipofika Kaya Kinondo niliingia kama wageni wote wanavyoingia, nikiwa nimejifunga kaniki nyeusi na kuongozwa na mwenyeji, na kamera niliizima mwenyewe. Msitu ule ni miongoni mwa makaya, yaani misitu mitakatifu, ya Mijikenda yaliyoingizwa katika Urithi wa Dunia mwaka 2008, lakini kwa wenyewe ulikuwa mahali pa heshima muda mrefu kabla UNESCO haijasikika, na nilichokiona humo niliona ni cha kubaki humo. Fundi alilitaka pengo hilo lijazwe. Alipendekeza tukodi droni ipige vilele vya miti kwa juu, akisema mtazamaji atajiuliza nilipotelea wapi. Mbali na ukweli kwamba droni hairushwi nchini bila kibali cha mamlaka ya usafiri wa anga, niliona kwamba kumtazama mtu kwa juu baada ya kukataa kumtazama kwa mlangoni ni hila. Tulibishana kikao kizima, nikilipa. Mwishowe alikubali sekunde kumi za skrini nyeusi na maandishi ya mstari mmoja. Nadhani bado anaona nilikosea, na kwenye onyesho alinitazama sehemu hiyo ilipofika.

Sasa kasoro, ambazo si chache. Rangi alizozitia mara ya kwanza zilikuwa za harusi: ngozi ya kila mtu imekuwa ya dhahabu, bahari imekuwa samawati ya pambo, na wavuvi wa Shimoni waling'aa kana kwamba wamepakwa liwa. Ilinibidi nipoteze kikao kizima kuzirudisha. Mara mbili aliweka muziki bila kuniuliza, na mara ya pili ilikuwa kinanda cha taarabu juu ya kivuko cha Likoni, mahali ambapo sauti ya feri yenyewe, honi, mikokoteni na maelfu ya nyayo zinazoteremka kwa pamoja, haikuhitaji mpambe. (Kwa wanaouliza: ndiyo, nilipanda feri, kwa kuwa mlango wa bahari hauna pa kupita kwa miguu, na nilizunguka juu yake kama chizi ili nisijione nimesimama.) Umeme ulikatika katika vikao vitatu, naye hana jenereta, ingawa saa zilizopotea alizifidia. Kubwa zaidi ni kuchelewa. Tuliahidiana wiki kumi, ikawa wiki kumi na saba, kwa sababu Shaabani iliingia na harusi zikamjaa, na katika mwezi huo hakupokea simu yangu hata mara moja. Mtu mwenye tarehe ya mashindano au ya kupeleka filamu mahali asimwendee katika majira hayo.

Kasoro iliyoniuma zaidi ni ya maandishi ya tafsiri. Mazungumzo ya Kidigo na Kigiryama yalitafsiriwa vizuri, na watu wenye lugha hizo waliitwa wakathibitisha. Lakini wazee wa Vanga walizungumza nami kwa Kivumba, na fundi alishikilia kwamba Kivumba ni Kiswahili, kwa hiyo hakihitaji maandishi. Ni kweli kwamba ni lahaja ya Kiswahili. Ni kweli pia kwamba mtu wa Mombasa huelewa maneno matatu na kuyakisia mawili, na yale mawili aliyoyakisia katika filamu yangu ndiyo yaliyobeba habari yenyewe ya mashua iliyopotea. Mtu asiyejua atapita pale akidhani ameelewa. Kwa fundi anayesoma maji ya bamvua kwenye skrini, sikutegemea uvivu wa namna hii, na nilimwambia.

Onyesho lilifanyika barazani kwao usiku wa Alhamisi, shuka jeupe likiwa limetundikwa kati ya nguzo mbili, watu kama 40, kahawa chungu na kashata zikizunguka. Nilikuwa nimeogopa kipande cha Kinondo kuliko kitu chochote nilichopitia ufuoni. Kilipopita kulikuwa kimya. Kisha nahodha mmoja mzee aliyekaa mbele kabisa, ambaye nilidhani amelala, akauliza kwa sauti ya kusikika na wote, "Na hiyo pikipiki ulilipa ngapi?" Nikasema mia tatu. Akatikisa kichwa. "Umeibiwa," akasema, na baraza zima likaangua kicheko, nami pia. Lile jambo la Kikambala, kitone kinachorudi, liliwashika zaidi kuliko nilivyotazamia. Akina mama waliokaa upande wa mlango walianza kunielekeza kwa sauti, "Njoo, njoo, njoo," kama wanavyomwita mtoto anayejifunza kutembea. Mpwa wangu hakuuliza nafika lini. Aliuliza kwa nini nilikuwa narudi.

Ninayempendekezea huduma hii ni mtu aliyekwenda mbali kwa nguvu zake mwenyewe, kwa miguu, kwa baiskeli au kwa kasia, akarudi na picha nyingi asizozielewa, na ambaye yuko tayari kukaa juu ya kitanda cha kamba usiku kumi na mbili akiulizwa maswali. Anayetaka video ya dakika tatu ya kuwaonyesha wafadhili, yenye mruko wa droni na muziki wa ngoma, aende kwingine, atapata kwa bei nafuu na kwa wakati. Shilingi 48,000, pamoja na ile diski ya pili, niliziona nyingi siku ya kuzitoa na sizioni nyingi leo. Maandishi ya Kivumba fundi amekubali kuyafanya upya bila malipo baada ya Idi, harusi zikipungua, na safari hii sitakwenda peke yangu: nimeshapatana na kijana mmoja wa Vanga anayefanya kazi bandarini, atakaa baina yetu kitandani na kutueleza ile mashua ilipotelea wapi.